Sanda ya Kifungu cha Thelathini na Moja

Tulimwacha Karani amesimama kando ya meza yake mwenyewe kama mgeni asiyekaribishwa, na Mchunguzi wa Tume ameketi kwenye kiti chake, vidole vimeshika droo ya tatu.

"Humu mna nini?" alikuwa ameuliza. Nanyi mmekaa na swali hilo wiki nzima, mniwie radhi.

Kwa aliyejiunga nasi leo, mambo ni hivi. Karani ni binti wa miaka ishirini na sita, amesoma sheria, na ni mpole hadi majirani wa ofisi humwita Bi Samahani. Ameomba kazi ya uhakimu. Kabla ya Tume kumpa mtu kiti hicho, humtuma mchunguzi aende kazini kwake, apekue madaftari yake, awaulize waliowahi kuhudumiwa naye. Mama yake Karani ameshamwambia jirani wa kulia na wa kushoto kwamba mwanawe ni hakimu. Na ndani ya droo ya tatu, chini ya bahasha kuukuu, Karani ameficha kikaratasi kimoja karibu mwaka mzima.

Droo ilivutwa.

Chupa ya gundi iliyokauka. Brashi. Rula. Bahasha kuukuu. Mchunguzi akaiinua bahasha.

Chini yake hapakuwa na kitu.

"Mbona umetoka jasho?" Mchunguzi akauliza, akatia peremende mdomoni. Alikuwa na kikohozi kisichoisha.

"Samahani. Ni joto, bwana."

Nani alikitoa? Karani aligeuza macho kwenye kona alikokaa wakili mwenye ofisi, Mzee Miwani, aliyeitwa hivyo kwa miwani yake minene kama kitako cha chupa. Mzee alikuwa anasoma gazeti, pua imegusa karatasi.

Sasa niwaeleze kikaratasi chenyewe ni nini, maana ndicho kilichozaa balaa lote hili.

Mahakama Kuu ikibatilisha kifungu cha sheria, vitabu vya sheria havitupwi. Mpiga chapa wa serikali hutuma vikaratasi vyeupe, vyembamba, kila kimoja na tarehe yake, na kazi ya karani ni kukibandika juu ya kifungu kilichokufa ili mtu asije akakisoma akadhani kingali hai. Mzee Miwani aliviita sanda. "Sheria iliyokufa isilale uchi, binti yangu," alikuwa akisema. "Ivike sanda, ipumzike." Na kwa miaka mitatu Karani alizivika: gundi kwa brashi, ncha kwa rula, hata ukipitisha kidole husikii ukingo.

Zote, isipokuwa moja.

"Nasikia siku za Alhamisi mnajibu maswali ya watu bure," Mchunguzi alisema, akiifunga droo.

"Ndiyo, bwana."

"Maswali gani?"

"Ya kawaida tu. Mbwa wangu akimng'ata mgeni, nani anawajibika. Mti wangu ukiangukia paa la jirani, nani anawajibika."

Mzee akaongea nyuma ya gazeti. "Juzi mmoja aliuliza, mkewe akimwota mwanamume mwingine, nani anawajibika."

"Ukamjibuje?"

"Nikamwambia aliyepika chakula cha usiku."

Mchunguzi akacheka, kicheko kikageuka kikohozi, akabaki anafuta machozi. Hata Karani alitabasamu. Kwa dakika ile moja ilionekana kama mambo yatapita salama.

Kisha Mchunguzi akafungua daftari la Alhamisi.

"Sheria yetu ni kuchagua mtu mmoja aliyehudumiwa na kumsikia kwa mdomo wake. Mimi nilichagua kwa mwandiko. Ukurasa huu ulikuwa safi kuliko yote." Akasoma. "Fundi cherehani, chumba cha ghorofani. Ubao wa ngazi umevunjika, mteja ameanguka, amevunjika mguu. Swali: nani anawajibika. Jibu: mpangaji, kwa kifungu cha thelathini na moja cha Sheria ya Nyumba za Kupanga." Akainua macho. "Mama huyo yuko kwenye benchi nje. Mwite."

Kati ya kurasa mia mbili, msomaji wangu, kidole kilikuwa kimeangukia ukurasa ule.

Mama Fundi aliingia na mkoba wake kifuani, amejifunga kitambaa kizuri cha kichwa, kama mtu anayekwenda kumsindikiza bibi arusi. Alipomwona Karani uso ukachanua.

"Mwanangu. Hujambo? Wameniambia unapanda cheo, nikasema siku hiyo hata nikiwa kitandani nitabebwa."

"Sijambo, mama. Shikamoo."

"Marahaba. Ngoja kwanza, hicho kifungo." Akamshika mkono wa blauzi. Kifungo cha mkononi kilikuwa kinaning'inia kwa uzi mmoja. "Utaapishwaje na kifungo kinalia hivi? Kaa."

"Mama, si lazima..."

"Kaa hapa. Bwana mkubwa, uliza tu, mimi nashona huku nasikia."

Akachomoa sindano kwenye ukosi wa nguo yake, na uzi uliokuwa umezungushwa kwenye kipande cha kadibodi. Karani akaketi karibu naye, mkono wake umeshikwa kiganjani mwa yule mama, hawezi kuuondoa.

"Unamjuaje huyu?" Mchunguzi akauliza.

"Huyu? Siku ile nimekuja hapa natetemeka, nimeacha mteja wangu hospitali mguu uko juu. Wengine walikuwa wananitazama tu. Huyu akaniletea maji. Akanikunjia karatasi yangu vizuri akaniambia, pole mama. Ndivyo alivyosema. Pole mama." Sindano ikaingia, ikatoka. "Mtu akikupa pole ukiwa kwenye shida, husahau sura yake."

Karani alitazama sakafu. Kulikuwa na kigae kilichopasuka mfano wa herufi Y. Alikitazama kana kwamba atatahiniwa juu yake.

"Na ule ushauri, uliufuata?"

"Kama ulivyo. Sheria imesema mimi, nikasema basi ni mimi. Sikuwa na kitu ila vyerehani vyangu viwili, nikampa yule aliyeumia, tukasaini. Siku hizi nashona vifungo kwenye duka la mtu. Ndiyo maana mkono mwepesi hivi."

Akacheka. Yeye peke yake.

Mchunguzi akanyoosha kidole kwenye rafu. "Niletee hicho kitabu. Nataka kukiona kifungu chenyewe."

Mama Fundi akamwachia kidogo, sindano ikabaki inaning'inia kwenye mkono wa blauzi. Karani akavuka chumba. Hatua nne. Alijua ukurasa ule uko uchi, alijua tarehe ya kubatilishwa ilitangazwa wiki tatu kabla Mama Fundi hajakanyaga mlango huu. Akatoa kitabu, akakiweka mezani, akafungua.

Sanda ilikuwa juu ya kifungu.

Imebandikwa. Nyeupe, na tarehe yake.

Raha aliyoisikia Karani ilidumu kwa pumzi moja tu. Pumzi ya pili aliona ukingo. Kikaratasi kilikuwa kimelala upande, gundi imevuja, na kwenye kona ilibaki alama ya dole gumba nene la mtu mzima asiyeona vizuri anachobandika.

Haikuwa kazi ya mkono wake hiyo. Na ofisini mle walikuwa wawili tu.

Mzee alijua. Alikuwa amefungua droo, siku gani sijui, ameikuta sanda chini ya bahasha, ameelewa yote, na hakusema neno. Alikwenda kwenye rafu na macho yake mabovu akajibandikia kosa.

Maana tazama lilivyogeuka. Mchunguzi alisoma kile kikaratasi mara mbili, akalinganisha na daftari, sauti ikabadilika.

"Mzee wangu. Kifungu hiki kilikuwa kimebatilishwa wiki tatu kabla. Na karani wako alikwisha kubandika. Ulimshauri vipi huyu mama kwa kifungu kilichokufa, na kikaratasi kiko mbele ya macho yako?"

Mzee akakunja gazeti taratibu, mara nne.

"Sikufungua kitabu. Nilikitamka kwa kichwa. Kifungu hicho nimekijua kabla binti huyu hajazaliwa, nikakiamini kama mtu anavyoamini mlango wa nyumba yake. Andika hivyo. Macho mabovu na kiburi."

"Unajua chama cha mawakili kitafanya nini na leseni yako?"

"Nimekuwa wakili miaka arobaini, bwana. Najua."

Mama Fundi alikuwa akimtazama huyu, akimtazama yule. "Samahanini. Sheria inakufa?"

"Hufa, mama," Mchunguzi akamjibu, na kwa mara ya kwanza alisema kwa upole. "Mahakama ikiona haina haki, inaibatilisha. Hii ilibatilishwa. Jengo likiwa bovu anayewajibika ni mwenye nyumba. Siku ile ulipouliza, hukutakiwa kutoa hata uzi."

Mama Fundi akamrudisha Karani karibu naye. Akatafuta mkono wake, akaupata, akaendelea kushona. Mikono yake ilihitaji kazi.

"Kimoja aliniachia marehemu mama," akasema. "Kile cheusi cha kukanyaga."

Akageuza macho kwa Mzee.

"Haya. Mzee wangu, umri ni umri. Mimi sina la kukufanya." Akavuta uzi. "Ila huyu mtoto msimguse. Yeye aliandika alichoambiwa."

Hapo ndipo Mchunguzi alipotoa fomu. Swali la kumi na mbili, la mwisho, na chini yake mstari wa saini: Je, lipo jambo lolote ambalo likijulikana kesho litakufedhehesha wewe au mahakama?

"Jaza," akasema. "Upande wako naona hauna doa. Nitamalizana na Mzee baadaye."

Karani alishika kalamu kwa mkono wa kulia. Wa kushoto uko kwa Mama Fundi. Akamwona mama yake akipita kwa majirani, wa kulia na wa kushoto. Akaandika: Hap.

Kalamu ikagoma. Ama tuseme mkono.

"Sanda hiyo imebandikwa majuzi," akasema.

"Sikusikia."

Alikuwa amesema chini chini, kama desturi yake. Akarudia, na sauti ikatoka kubwa kupita alivyotaka. "Siku ile haikuwa kitabuni. Ilikuwa kwenye droo. Gundi ilikauka, nikaiweka pale, nikasahau. Mzee alisoma kitabu, bwana. Nilimfungulia mwenyewe na akasoma kilichokuwepo. Kosa ni langu."

Sindano ilisimama.

"Usimsikilize," Mzee akasema haraka, amekwisha kusimama. "Huyu ana huruma ya kupindukia. Inzi akiingia ndani anamfungulia dirisha. Anataka kunisitiri uzee wangu."

"Mzee, tafadhali..."

"Nyamaza, binti yangu. Watu wazima wanazungumza."

Mchunguzi aliwatazama wote wawili, peremende imehamia shavu la pili. "Nimefanya kazi hii miaka kumi na moja. Nimezoea watu kusukumiana kosa. Kunyang'anyana ndiyo leo. Lakini mmoja wenu ananidanganya, na kumdanganya mchunguzi ni kosa la jinai. Nani ana ushahidi?"

Saa ya ukutani ilisikika.

"Mimi nina karatasi," Mama Fundi akasema.

Akafungua mkoba. Ndani ya mfuko wa plastiki, katikati ya cheti cha ubatizo cha mwanawe na risiti za hospitali, palikuwa na fotokopi iliyokunjwa mara mbili. "Niliyopewa siku ile. Niliambiwa niitunze, nikaitunza."

Karani aliitambua karatasi ile kabla haijakunjuliwa. Aliisahau. Mwaka mzima alikumbuka kila kitu, ameisahau fotokopi.

Mchunguzi akaikunjua. Muhuri wa ofisi. Tarehe ya Alhamisi ile. Na kifungu cha thelathini na moja, kuanzia neno la kwanza hadi la mwisho, uchi kama kilivyozaliwa.

"Basi binti anasema kweli," akasema. Mzee akaketi.

Mngedhani imekwisha hapo. Karani mwenyewe alitamani iishie hapo, kwenye neno lile alilolitumia: nilisahau. Kusahau ni kosa linalosameheka, kila mtu husahau.

Lakini Mchunguzi alikuwa amekwenda na karatasi dirishani, kwenye mwanga.

"Hapa pembeni pana maandishi ya penseli." Akasoma polepole. "Kimebatilishwa. Sanda ipo droo, kubandika J'tatu." Akageuka. "Mwandiko wa nani?"

"Wangu."

"Uliandika lini?"

"Jumatano. Sanda zilipofika."

"Fotokopi ni ya Alhamisi. Nani aliitoa?"

"Mimi."

"Kwa hiyo ulikiweka kitabu kwenye mashine, maandishi haya yakikutazama."

Mama Fundi hakuwa ameuachia mkono wake. Karani alihisi kila kidole.

"Nilijua," akasema.

Na sasa yakatoka yote, kwa aibu iliyomfanya aongee na kigae. Kwamba benchi lilikuwa limejaa. Kwamba Mzee alikwisha kuanza kueleza, watu wameduwaa wanamsikiliza, na yeye akaona haya kumkosoa mtu mzima mbele ya kadamnasi. Akasema moyoni, watu wakiondoka nitamwambia. Watu wakaondoka, Mzee akaenda kula. Ijumaa akasema Jumatatu. Jumatatu akasikia kwamba mama amekubali kutoa vyerehani, na kubandika sanda siku hiyo kungekuwa ni kutangaza. Akafuta maandishi ya penseli kitabuni, sanda akaiweka chini ya bahasha.

"Nilisaini Jumanne," Mama Fundi alisema.

"Najua, mama."

"Ijumaa ulikuwepo. Jumatatu ulikuwepo. Nyumba yangu unaijua."

"Najua."

"Ukanipa maji na pole, nawe unajua."

Mtu anaweza kutukanwa akatafuta pa kujibu. Maneno yale hayakuwa matusi. Karani alilia bila sauti, na hakujifuta, kwa kuwa mkono mmoja ulikuwa na kalamu na mwingine haukuwa wake.

"Mficha maradhi," Mzee akaanza kusema, akaacha hapo. Naye alikuwa ameficha.

Mchunguzi alikuwa anahesabu kwa vidole. "Mama, ulisaini Jumanne ile, tarehe tisa?"

"Tisa."

"Leo Jumatano, tarehe tisa. Makubaliano yaliyofungwa kwa sheria iliyobatilishwa yanaweza kufunguliwa tena, lakini ndani ya mwaka mmoja. Mwaka wako unakwisha leo, masjala ya mahakama wakifunga mlango. Saa kumi kamili."

Wote wakatazama ukutani. Saa tisa na dakika ishirini na tano.

"Kinatakiwa nini?" Mama Fundi akauliza.

"Maelezo ya ofisi hii. Kosa lilikuwa nini, la nani, na muhuri juu yake." Akamgeukia Karani. "Yakishaandikwa yanaingia kwenye faili lako. Sitaki udanganyike. Swali la kumi na mbili nitalijaza mwenyewe, na hutakuwa hakimu."

Mama Fundi aliinama, akaukata uzi kwa meno. Kifungo kilikaa imara. Akauweka mkono wa Karani juu ya meza, kama mtu anayerudisha kitu cha kuazima.

"Basi niandikie," akasema. "Kwa mwandiko huo huo."

Karani akavuta karatasi nyeupe. Mzee akainuka, akavua miwani, akafuta macho kwa kiganja. "Naenda kunawa uso," akasema, na hakuna aliyemtilia maanani.

Mimi, karani wa ofisi hii, aliandika, nilijua. Alianza na neno hilo ili asipate nafasi ya kulikwepa. Mistari kumi na minne. Hakufuta hata mmoja. Alipoweka saini ilikuwa saa tisa na dakika arobaini.

"Muhuri," Mchunguzi akasema.

Karani akanyoosha mkono kwenye kisanduku cha wino, pale muhuri ulipokaa miaka yote.

Hapakuwa na kitu.

Akatazama kona. Kiti cha Mzee kilikuwa kitupu. Sinki la kunawia lilikuwa kavu. Kando yake, daftari la karatasi za ofisi lilikuwa limechanwa ukurasa wa juu, na kwenye ukurasa wa chini yake kalamu ilikuwa imekandamiza hadi maneno yakasomeka: Mimi, wakili wa ofisi hii, ninakiri peke yangu.

"Anakwenda masjala," Mchunguzi alisema. "Wataisoma itakayofika kwanza."

Karani alikuwa amekwisha kufika dirishani. Chini, barabara pana ya njia nne ilikuwa inanguruma. Katikati yake, malori yakipita mbele na nyuma, alisimama mtu mzima wa koti la kijivu, mkono mmoja umekumbatia muhuri kifuani, mwingine unapapasa hewa.

Juu ya meza, kwenye kitabu kilichofunguliwa, juu ya sanda iliyolala upande, Mzee alikuwa amesahau miwani yake.